Barua ya wazi kwa wakuu mlioshikilia Canter yetu: tupeni gari au tupeni karatasi

Kwenu wakuu wa ofisi ambayo gari letu limelala uani kwenu,

Shikamooni, na kwa wale ambao mimi ndo mkubwa wenu, marahaba. Wote kwa pamoja mwangaluka, kama tunavyosalimiana Kisukuma.

Ofisi yenu sitaitaja hapa, wenyewe mnajijua na gari mnaliona kila asubuhi mkiwa mnapaki za kwenu. Ni Canter ya bluu, bodi la mbao, iko kule nyuma karibu na ukuta chini ya mwarobaini. Kwenye mlango wa nyuma fundi rangi alituandikia JASHO LA KINA MAMA kwa herufi nyekundu, ila mmebandika karatasi yenu ya kielelezo imefungwa nailoni juu ya maneno kwa hiyo sasa hivi inasomeka JASHO LA, basi. La nani haijulikani.

Mimi ni katibu wa kikundi cha akina mama tunaoanika dagaa upande wa Buchosa, kule ukipita Sengerema unaenda Nyehunge alafu unashuka ziwani. Canter ni ya kikundi, kadi ya gari ina jina la kikundi, nakala mnayo kwenye faili pamoja na cheti cha usajili, bima, mkataba wa dereva na nakala ya hukumu. Vyote mlivyotaka tulileta na vingine mlitaka mara ya pili tukaleta tena mana vya kwanza vilikua havionekani.

Naanza na lile ambalo najua mnategemea tulikatae. Hatulikatai. Gari lilikutwa na gunia za kayabo, yaani samaki wa kukaushwa kwa chumvi, ya sangara wachanga chini ya dagaa zetu, ni kweli, tulioneshwa zile gunia na tukaona kwa macho, samaki wengine hata futi moja hawafiki na sheria inataka sangara aanzie sentimita 50, sato 25. Sisi ni watu wa ziwa jamani, hatuhitaji semina ya hilo. Waume zetu na kaka zetu wanavua, wanajua zamani mtu akitega usiku analeta nini na leo analeta nini, kwa hiyo msituweke kwenye fungu la wanaotetea nyavu haramu za timba na makokoro. Mzigo mlichukua, sawa kabisa, na dereva mlimpeleka mahakamani, sawa pia.

Ila jinsi ule mzigo ulivyoingia kwenye gari mnajua, mana utingo alieleza yote na maelezo yake mliyaandika nyie wenyewe. Gari lilitoka mwaloni jioni likiwa na gunia za dagaa tu, kibali cha dagaa, watu wa BMU, ile kamati ya wanakijiji ya kusimamia uvuvi mwaloni, wakiwa wamesimama pale wanahesabu. Huko mbele usiku dereva akasimama kwenye nyumba ya mtu, gunia zetu zikateremshwa, zile za kayabo zikapangwa chini, za kwetu zikarudishwa juu, turubai likafungwa upya safari ikaendelea Busisi. Sisi tulikua tumelala. Asubuhi tunasubiri simu kutoka Kirumba Mwaloni, soko la samaki la Mwanza, kwamba mzigo umefika bei ni hii, simu ikaja kutoka kwenu.

Na hapo niwapongeze kidogo. Dagaa zetu mlizirudisha, gunia za chini zilikua zimeloa na kunuka lakini mlizirudisha, na yule dada wa mapokezi ni mtu na utu wake, anatupaga kiti hata kama bosi hayupo. Huyo mpandisheni cheo.

Dereva alikiri kosa, akapigwa faini, ikalipwa siku ile ile taslimu akaenda kwake. Mimi hadi leo najiuliza nani alimlipia, mana yule kijana nilikua namjua, alikua anadaiwa hela ya chapati na mama ntilie wa pale mwaloni, sasa faini ya namna ile kaitoa wapi kwa siku moja? Mwenye kayabo hajawahi kutajwa wala kutafutwa, au kama alitafutwa sisi hatujasikia. Ningekua mimi ndo naendesha hilo faili ningeanzia kwa aliyelipa faini. Lakini hiyo ni kazi yenu, mimi nasema tu.

Kwa sasa dereva anaendesha Fuso la mtu mwingine barabara hiyo hiyo. Tunakutana nae, anatusalimia vizuri tu. Yeye kaachiwa, mwenye mzigo hajulikani, waliobaki mahabusu ni Canter na sisi.

Sasa hoja yetu ni moja na naomba muisome taratibu. Hakimu alipotoa hukumu hakusema gari litaifishwe. Tumesoma ile hukumu neno kwa neno, tukampa na mtoto wa mwenzetu anayesomea sheria akasoma, gari halikutajwa kabisa kwenye adhabu. Hatubishi kwamba chombo kilichobeba mzigo haramu kinaweza kukamatwa na mahakama ikiona inafaa kikataifishwa, Sheria ya Uvuvi ya 2003 ipo na ina meno. Ila kutaifisha mali ya mtu ni uamuzi, na uamuzi una mwenye kuutoa, una tarehe, una saini, una sababu, na mwenye mali anaitwa kwanza aseme lake. Katiba yetu ibara ya 13(6)(a) imeweka haki ya kusikilizwa kikamilifu na ya kukata rufaa, ibara ya 24 imeweka haki ya kumiliki mali na mali hiyo kulindwa kwa mujibu wa sheria. Sisi hatujasikilizwa na mtu yeyote. Na rufaa tunaikataje, tunakata rufaa ya nini wakati hakuna uamuzi? Ndo ubaya wenyewe ulipo. Mngesema mmelitaifisha tungejua, tungelia alafu tungeenda mahakamani. Mngesema tunaliachia kwa masharti tungekuja na wadhamini siku hiyo hiyo. Nyie hamsemi hili wala lile, mnasema "linashughulikiwa", na wakati linashughulikiwa gari linaoza.

Kila tukija kuna jibu lake. Faili limeenda juu. Faili limerudi ila halijasainiwa. Mwanasheria yuko safari. Subirini maelekezo. Maelekezo ya nani, kutoka wapi, yanakuja na nini, hakuna anayesema. Kwenye kitabu cha wageni pale getini kuna safu ya sababu ya kuja, sisi tunaandikaga "gari", siku hizi mlinzi akituona tunavuka barabara anatuandikia mwenyewe. Na juu ya kichwa chake ukutani kuna ule ubao mkubwa wa mkataba wa huduma kwa mteja, mmeandika kwa rangi nzuri kabisa kwamba barua ya mteja itajibiwa ndani ya muda fulani. Barua zetu zote zina muhuri wenu wa kupokea. Hakuna hata moja yenye muhuri wa kujibu.

Sasa niwaambie jambo ambalo pengine wakubwa wa juu hamlijui, na ndo lililonifanya niandike hapa hadharani badala ya kuendelea kukaa kwenye benchi lenu. Pesa ya hilo gari sehemu kubwa ni ya serikali. Mnajua ile asilimia 10 ya mapato ya ndani ya halmashauri ya kukopesha vikundi, nne wanawake, nne vijana, mbili watu wenye ulemavu, ilisimamishwa 2023 ikarudi 2024. Iliporudi sisi tukaomba, tukaandika andiko la mradi, afisa maendeleo ya jamii akaja mpaka mwaloni akaona chanja zetu za kuanikia, akaona vitabu vyetu vya hisa, tukapata mkopo usio na riba tukaongezea na akiba ya kikundi tukanunua Canter iliyotumika. Siku ya kukabidhiwa tulipigwa picha na viongozi, tena wakatuambia sisi ni mfano wa kuigwa.

Kwa hiyo mjue mkono mmoja wa serikali ulitukopesha gari, mkono wa pili umelikamata, na mkono wa kwanza kila mwisho wa mwezi unapiga simu kuulizia marejesho. Na afisa maendeleo hana kosa, nae anabanwa na wakubwa zake, hela ile inatakiwa izunguke wapate na vikundi vingine. Tukimwambia gari limeshikwa anasema mimi nalijua hilo mama lakini mfumo hauna sehemu ya kuandika gari limeshikwa, mfumo una sehemu ya kuandika mmelipa au hamjalipa. Yaani ofisi yenu na ya halmashauri hamuwezi kupigiana simu? Zote za serikali moja, zote ziko mkoa mmoja, mnasalimiana kwenye vikao vya mkoa. Mkiliuza hilo gari kwa mnada mtakua mmeuza dhamana ya mkopo wa serikali yenyewe ili hela iingie serikalini. Mtu anielekeze hiyo hesabu.

Wengine mtasema si mkodi gari lingine. Wacha niwaeleze biashara ya dagaa ilivyo, mana naona wengi mnaijua ikishafika sahani.

Dagaa inavuliwa giza. Mbalamwezi ikiwa kali mitumbwi inapaki, wavuvi wanashona nyavu na kulala, ndo mana kwetu mwezi una siku za kazi na siku za njaa. Giza likirudi taa zinawaka ziwani mpaka unadhani kuna mji kule, na asubuhi dagaa zinashuka zote kwa mpigo, mwalo mzima, kila mama ana ndoo zake na kila mmoja anakimbilia chanja. Jua likiwa zuri zinakauka siku hiyo hiyo, jioni unafunga gunia. Mvua ikikuwahi umekwisha, zinavunda zinabadilika rangi na hiyo haiendi tena kwa mlaji, inaenda kusagwa chakula cha kuku kwa bei ambayo hata kuni za chai hairudishi. Kwa hiyo kwenye biashara hii muda ndo kila kitu, na mwenye gari ndo mwenye muda.

Kabla ya Canter madalali walikua wanakuja wanakaa chini ya mti na soda, hawana haraka, wanajua dagaa ni kavu, wingu liko juu ya ziwa na hakuna mwenye stoo. Wanataja bei moja wote, hata hawajifichi. Unakubali au unalala na gunia zako nje. Tulivyopata gari mambo yakabadilika mwezi ule ule. Tunafunga jioni, linatembea usiku, alfajiri liko Kirumba Mwaloni ambako wanunuzi wanatoka mpaka Congo, na pale bei unaisikia mwenyewe ikitajwa. Daraja la Kigongo na Busisi lilipofunguliwa Juni 2025 ndo tukasema hapa Mungu katuona, mana kile kivuko kilikua kinakula usiku mzima, unafika sokoni saa ambayo wenye mzigo wa Ukerewe na Kayenze washauza. Daraja la kilomita tatu limejengwa kwa mabilioni ili watu kama sisi tuvuke haraka. Tumevuka nalo kiangazi kimoja hata hakijaisha gari likakamatwa.

Sasa madalali wamerudi chini ya mti wao. Na bei wanayotaja ni ya chini kuliko ile ya zamani, kwa makusudi, ni ya kutukomoa mana tuliwaringia. Kuna mwenzetu mmoja mjane ana watoto watatu sekondari, alikua anauza gunia zake kupitia kikundi analipa michango ya shule bila kukopa, giza lililopita kauza zote kwa dalali kabla hazijakauka vizuri kwa sababu aliona wingu. Alizipima huku analia. Kukodi gari tulijaribu, anayekodisha anataka hela kabla gari halijawasha, na akijua sisi ndo wale wenye gari lililokamatwa na kayabo anaongeza bei au anakataa kabisa, jina limeshachafuka.

Alafu gari lenyewe. Wakuu, gari si Jiwe la Bismarck pale ziwani lipigwe jua na mvua miaka yote libaki lile lile. Juzi juzi tuliomba kuliona tukaruhusiwa dakika chache na mlinzi akiwa amesimama nasi. Betri haipo. Sisemi nani kaitoa, nasema haipo, nyaya zimening'inia tu zimeota ukungu wa kijani kwenye vichwa. Saiti mira ya kushoto haipo. Tairi za nyuma za ndani zimekaa kwa rimu na majani yamepita katikati yake. Turubai tuliloacha juu ya bodi limechanika maji yanatuama kwenye mbao, mbao zimeanza kuinuka. Nilifungua mlango wa dereva kuku akatoka, kuku mzima, alikua ametaga juu ya siti. Mlinzi akacheka, na mimi nikacheka, ndo hivyo utafanyaje. Lakini fundi wetu alipopiga magoti akaangalia chini ya injini hakucheka, alisema mama hili likikaa masika hii yote mtakuja kuchukua chuma chakavu.

Siku mlipolikamata tulipewa hati ya kukamata mali. Imeandikwa gari zima, linatembea, betri ipo, tairi sita na spea juu yake. Ina saini ya afisa wenu. Hiyo hati tunayo original na nawaomba muwe na yenu karibu, mana siku ya kukabidhiana tutasoma wote kwa sauti.

Na hili la mwisho nalisema kwa heshima lakini nalisema. Nje ya geti lenu kuna kijana anakaaga pale kwenye kibanda cha vocha. Anajua namba ya gari letu, anajua jina la mwenyekiti wetu, anajua faili liko meza gani, vitu ambavyo sisi wenyewe tukiuliza ndani tunaambiwa ni siri ya ofisi. Anasema akipewa kitu gari linatoka wiki hiyo hiyo. Kama huyo ni kishoka tu anatafuta wajinga basi mfukuzeni, anawachafua. Kama sio kishoka tu, mnajua zaidi yangu. Sisi tumekubaliana kwenye kikao kwamba hatutoi, sio kwamba tuna ujasiri sana, ni kwamba hela yenyewe haipo na ingekuwepo ingeenda kwenye marejesho. Hilo jambo tumeshalifikisha kwa wenzenu wanaohusika na rushwa.

Kila mtu wa ziwa hili anaikumbuka Operesheni Sangara ya 2018, nyavu zinachomwa mchana kweupe, watu wanalipa faini bila kuelewa imehesabiwaje. Baada ya pale mmefanya kazi kubwa kurudisha imani, mmekaa na wavuvi, watu wa BMU wakaanza tena kutoa taarifa za wanaotumia timba bila kuogopa. Mimi mwenyewe nimewahi kutoa. Sasa mama wa mwaloni akiona gari la kikundi limekaa kwa kosa la dereva ambaye yuko barabarani anapiga honi, kesho mkimuomba awaambie nani anapakia sangara wachanga usiku atawaambia? Atasema mimi sijaona.

Tunachoomba hakihitaji kikao cha mkoa. Tuachieni gari kwa dhamana, wekeni masharti mnayotaka, tusiliuze, tulilete likihitajika, wadhamini tunao wakiwemo mwenyekiti wa kijiji na mtendaji. Kama mnaona hapana, mnaona ni la kutaifishwa, nendeni mahakamani muombe na sisi tuitwe tuseme, hakimu akiamua tutaheshimu na tutakata rufaa kama watu wengine. Kama hata hilo mnahitaji muda, basi tuandikieni karatasi moja ya Kiswahili yenye saini inayosema gari lipo, limeshikwa kwa sheria hii, na uamuzi utatoka siku fulani, ili niipeleke halmashauri wasimamishe marejesho kwa muda. Na wakati mnafikiria ruhusuni fundi wetu aingie afunike injini na kupandisha gari kwenye mawe tairi zisiendelee kufa. Gharama ni yetu. Ila ile "gharama ya maegesho" ambayo mtu wenu mmoja aliitaja kwa mdomo, hiyo naomba mniandikie pia kifungu chake, mana sisi hatukuomba kupaki.

Jumatatu saa mbili asubuhi tutakua getini, mimi, mwenyekiti, mhasibu na fundi, na betri ya kuazima. Mlinzi ameshajua cha kuandika kitabuni. Namba zetu za simu ziko ukurasa wa kwanza wa faili.

Ni mimi katibu, kwa niaba ya akina mama wa mwaloni, Buchosa.